Kabla Nyundo Haijagonga: Mnada wa Mahakama na Haki ya Kuupinga
Mhadhara kwa wananchi wa Ubena, Chalinze



Agosti 2017 Watanzania walipata habari kwamba ndege mpya aina ya Bombardier Q400, iliyonunuliwa kwa ajili ya Air Tanzania, imezuiliwa Canada. Aliyeizuia ni kampuni ya ujenzi ya Stirling Civil Engineering, iliyokuwa inaidai Serikali yetu takribani dola milioni 38. Deni hilo lilizaliwa hapa kwetu, katika mkataba wa barabara ya Wazo Hill hadi Bagamoyo, barabara ambayo wengi mliomo humu mmeipita mkienda Bunju, Mapinga, Kerege na Zinga. Ndege ilifika nchini Aprili 2018, baada ya miezi ya mazungumzo.

Mwishoni mwa mwaka 2022 ndege nyingine, Airbus A220, ikazuiliwa Uholanzi. Safari hii mdai alikuwa mwekezaji kutoka Sweden, aliyekusudia kulima miwa na kuzalisha sukari Bagamoyo katika ardhi iliyokuwa ranchi ya RAZABA. Hati ya ardhi ilifutwa mwaka 2016, mwekezaji akaenda kwenye ICSID, baraza la kimataifa la usuluhishi wa migogoro ya uwekezaji, na Aprili 2022 akapewa tuzo ya takribani dola milioni 165. Madeni mawili ya Bagamoyo, basi, yamekamata ndege mbili ng'ambo.

Nimeanza na ndege kwa sababu njia iliyopitwa huko ndiyo hiyo hiyo inayopitwa na nyumba ya bati pale Chalinze au shamba la mikorosho la Miono. Kunakuwa na hukumu au tuzo. Mdaiwa halipi. Mdai anatafuta mali ya mdaiwa ilipo, anaiomba mahakama iikamate, na deni lisipolipwa mali inauzwa. Mahakamani njia hiyo tunaiita kukaza hukumu.

Tofauti iko katika namna ya kujibu. Agosti 2019, kabla ya ile ya Uholanzi, ndege nyingine ilikamatwa Johannesburg, kwa dai la fidia ya shamba lililotaifishwa nchini mwetu miaka ya 1980. Mawakili wa Serikali walikwenda mara moja mbele ya Mahakama Kuu ya Gauteng, ile ile iliyotoa amri ya kukamata, wakaeleza kwa nini amri haikustahili kuwapo. Mapema Septemba ndege ikaachiwa. Walipinga haraka, kwenye mahakama inayohusika, na mali ikiwa bado haijauzwa. Mwananchi wa kawaida hupinga baada ya nyundo kugonga, mara nyingi kwenye ofisi isiyohusika, na hapo ndipo nyumba zinapopotea.

Neno langu la leo ni moja. Mnada uliofuata sheria humlinda mdai, mdaiwa na mnunuzi kwa pamoja, na pingamizi lililoletwa kwa wakati ni sehemu halali ya utekelezaji wa hukumu. Anayeliona kuwa ni ukorofi hajaelewa kazi yake, na anayelitumia kama hila anawaharibia wengine.

Deni lina haki yake

Tusianze kwa kumwonea huruma mdaiwa peke yake. Aliyeshinda kesi naye ni binadamu. Huenda ni mjane aliyedhulumiwa kiwanja, kibarua aliyevunjika mguu kazini, au mfanyabiashara mdogo aliyekopesha saruji na mabati akazungushwa miaka mitatu. Amelipa ada, amehudhuria tarehe zisizokwisha, amepata hukumu. Hukumu isipokazwa ni karatasi. Sheria imempa miaka 12 ya kuomba utekelezaji, na ana haki ya kuutumia muda huo. Wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa, na hakuna ufundi wa kisheria utakaoibatilisha methali hiyo.

Lakini pwani yetu inajua pia kinachotokea deni linapoachwa liitafune ardhi bila mipaka. Katika karne ya 19 wenye mashamba ya minazi na mikarafuu walikopa kwa wafanyabiashara wakiweka mashamba rehani. Wengi walitia alama kwenye hati ambazo hawakuweza kuzisoma, na mavuno yalipoanguka bei, shamba likaondoka. Zanzibar hali ilifika mahali ambapo mwaka 1934 serikali ya wakati ule ilitunga amri maalumu ya kuzuia ardhi ya Waarabu na Waafrika isihamie kiholela mikononi mwa wadai. Unaweza kubishana na nia za watawala wale, lakini jambo moja walilikiri: soko la madeni likiachwa peke yake, huuza ardhi ya mtu kwa bei ya siku yake mbaya kuliko zote.

Sheria yetu ya leo inajaribu kusimama katikati. Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, inaruhusu mali ya mdaiwa ikamatwe na iuzwe, halafu inataja mali zisizoguswa. Kwa namba za toleo la mwaka 2019, kifungu cha 48 kinakinga nguo za kuvaa, vyombo vya kupikia, matandiko na zana za fundi. Kinakinga pia nyumba ya makazi anamoishi mdaiwa na mkewe na watoto wanaomtegemea, na ardhi ya kilimo ya mtu ambaye maisha yake yote yanaitegemea. Ndugu zangu, kinga hiyo imo katika vitabu, na bado nyumba za makazi hukamatwa, kwa sababu hakuna aliyesimama mahakamani kusema: hii ni nyumba ninamoishi na watoto wangu. Hakimu aliyeko Bagamoyo hawezi kuona kutoka mezani kwake kama nyumba iliyoandikwa kwenye maombi inakaliwa na familia au imepangishwa. Lazima aambiwe, na aambiwe kwa ushahidi.

Tahadhari moja hapa. Aliyeichukua nyumba hiyo hiyo akaiweka rehani benki kwa hiari yake, na mwenzi wake akaridhia kwa maandishi kama Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inavyotaka, yuko katika njia nyingine. Benki huuza kwa nguvu ya mkataba wa rehani bila kuhitaji hukumu kwanza. Katika shauri la National Bank of Commerce dhidi ya Dar es Salaam Education and Office Stationery, lililoripotiwa mwaka 1995, Mahakama ya Rufani ilisema mahakama haitaingilia uuzaji wa namna hiyo isipokuwa kama kuna rushwa au njama na mnunuzi. Asiwadanganye mtu kwamba kinga ya makazi itafuta saini mliyoitia benki.

Tangazo la mnada

Sasa tuingie kwenye karatasi yenyewe. Baada ya mali kukamatwa, mahakama hutoa amri ya kuuza, na dalali wa mahakama huitangaza. Dalali huyu si mtu yeyote mwenye kipaza sauti. Kanuni za mwaka 2017 zinazohusu madalali wa mahakama na wapeleka nyaraka zinamtaka ateuliwe rasmi, awe na mafunzo, na awajibike kinidhamu. Mnayo haki ya kumuuliza kitambulisho chake na nakala ya amri ya mahakama.

Tangazo linapaswa kusema mnada utafanyika lini na wapi, mali gani inauzwa, deni linalodaiwa ni kiasi gani, na mzigo wowote uliopo juu ya mali, kama rehani au mpangaji. Libandikwe kwenye mali yenyewe na mahakamani, na litangazwe kwa namna ambayo watu wa eneo hilo watasikia. Kisha sheria inaweka muda: kwa mali isiyohamishika zipite siku zisizopungua 30 tangu tangazo libandikwe, na kwa mali inayohamishika siku 15, isipokuwa mdaiwa mwenyewe akiridhia kwa maandishi.

Siku hizo 30 ndizo moyo wa jambo zima. Zimewekwa ili mdaiwa atafute fedha, auze ng'ombe au akope kwa nduguye. Ili mke, kaka, mpangaji au mnunuzi wa zamani ajitokeze. Na ili wanunuzi wengi wapate habari, bei ipande. Tangazo likifichwa, watu hao wote wanapotea kwa mpigo mmoja. Mnada unabaki na watu watatu chini ya mwembe: dalali, mdai na mnunuzi aliyeambiwa kando.

Tuchukue mfano wa kubuni, kwa hesabu. Bwana mmoja ana kiwanja Mapinga na anadaiwa milioni 18 kwa hukumu ya mahakama. Kiwanja kina thamani ya milioni 60 sokoni. Mnada ukitangazwa vizuri, kikauzwa milioni 55, mdai analipwa milioni 18 zake, gharama za utekelezaji zinatolewa, na kinachobaki, zaidi ya milioni 30, ni mali ya mdaiwa. Mnada ukifichwa, kiwanja kikaenda milioni 20, mdai amelipwa, dalali amelipwa, na mdaiwa anaondoka mikono mitupu. Deni lilikuwa la milioni 18, lakini alichopoteza ni milioni 60. Sehemu kubwa ya tofauti hiyo imeingia mfukoni mwa mtu ambaye hakushinda kesi yoyote.

Ardhi ya ukanda huu ndiyo inayovutia zaidi michezo ya namna hiyo. Tangu makubaliano ya bandari ya Bagamoyo yaliposainiwa mwaka 2013, bei ya viwanja Zinga, Mlingotini na kando ya barabara ilipaa, na hata mradi uliposimama bei hazikurudi zilikotoka. Mashamba mengi bado hayana hati. Yanajulikana kwa mnazi wa babu, mkondo wa maji na ushahidi wa majirani. Ardhi yenye thamani kubwa na karatasi chache ni rahisi sana kutajwa kuwa ni ya mdaiwa wakati sehemu yake ni ya dada zake.

Milango mitatu ya kupinga

Mlango wa kwanza ni wa mtu ambaye hakuwa mhusika wa kesi. Mke, ndugu mrithi, mnunuzi aliyenunua kabla: huyu huwasilisha maombi ya pingamizi kwenye mahakama inayokaza hukumu, kwa kanuni ya 57 ya Amri ya 21 ya Sura ya 33, akieleza kwamba mali iliyokamatwa haikustahili kukamatwa. Atatakiwa kuthibitisha kuwa siku mali ilipokamatwa alikuwa na maslahi nayo au alikuwa akiimiliki kwa haki yake. Akishindwa, njia yake ni kufungua kesi kamili ya kuthibitisha haki yake, vinginevyo uamuzi ule unabaki wa mwisho. Mlango huu upo wazi mali ikiwa imekamatwa na haijauzwa. Nyundo ikishagonga, pingamizi la namna hii limepitwa na wakati, na ndiyo sababu nikasema siku 30 ni moyo wa jambo.

Naomba niseme wazi jambo ambalo majaji wetu wamelikuta mara nyingi. Wapo wadaiwa wanaomtuma mke au mdogo wao aende na mkataba wa mauziano wenye tarehe ya nyuma, ulioandikwa juzi. Mahakama hutazama: mashahidi ni nani, mwenyekiti wa kitongoji anajua, kodi ya ardhi ilikuwa inalipwa na nani, nani analima. Hila ya namna hii ikigundulika inamfanya hata mke mwenye haki ya kweli atazamwe kwa shaka kesho yake.

Wa pili ni wa mdaiwa mwenyewe. Yeye na mdai, kwa kuwa ni wahusika wa kesi, hawafungui kesi mpya juu ya utekelezaji. Maswali yao yote huamuliwa na mahakama inayokaza hukumu. Kama nyumba ni ya makazi, kama deni lililipwa nusu, kama hesabu imezidishwa, aseme hapo. Na kama anakata rufaa, ajue kwamba kukata rufaa pekee hakusimamishi utekelezaji. Lazima aombe zuio, na mahakama mara nyingi itamdai dhamana.

Wa tatu ni wa baada ya mnada, na ni mwembamba. Mauzo ya mali isiyohamishika hayakamiliki siku ya nyundo. Aliyeshinda mnada hulipa asilimia 25 papo hapo na iliyobaki ndani ya siku 15. Akishindwa, mali huuzwa upya na amana yake inaweza kutaifishwa. Kisha ndani ya siku 30 mwenye mali anaweza kuikomboa kwa kuweka mahakamani kiasi kilichotajwa katika tangazo pamoja na asilimia 5 ya bei kwa ajili ya mnunuzi. Katika mfano wetu wa Mapinga, kiwanja kilichouzwa milioni 20 kinakombolewa kwa milioni 18 za deni na milioni moja ya kumfariji mnunuzi. Ndugu wangapi wangeweza kuchanga fedha hizo kama wangejua!

Au, ndani ya siku hizo hizo 30, anaweza kuomba mauzo yatenguliwe kwa sababu ya kasoro kubwa au ulaghai katika kutangaza au kuendesha mnada. Hapa wengi hukwama. Haitoshi kusema bei ilikuwa ndogo. Haitoshi kusema tangazo halikubandikwa. Sheria inataka vyote viwili vifungwe kamba moja: kulikuwa na kasoro, na kasoro hiyo ndiyo iliyokuletea hasara kubwa. Tangazo halikubandikwa, kwa hiyo wanunuzi hawakuja, kwa hiyo kiwanja cha milioni 60 kikaenda milioni 20. Na hii hapa ripoti ya mthamini, na hawa hapa majirani wawili ambao hawakuona karatasi yoyote. Ukikosa kiungo kimoja, maombi yanaanguka.

Siku zikipita bila maombi, mahakama inathibitisha mauzo, mnunuzi anapewa cheti, na kuanzia hapo mahakama huwa nzito sana kumnyang'anya mnunuzi aliyenunua kwa nia njema kwenye mnada halali. Chelewa chelewa utakuta mwana si wako. Niongeze kwamba Mahakama ya Mwanzo ina kanuni zake za mwenendo za tangu mwaka 1964, tofauti na nilizozitaja. Mwenye shauri huko aulize kanuni hizo mapema. Na Baraza la Kata, tangu mabadiliko ya mwaka 2021, linapatanisha tu. Kupeleka pingamizi la mnada huko ni kuzitupa siku zako.

Mnunuzi naye

Wanaonunua kwenye minada huitwa tai. Sikubaliani na jina hilo. Pasipo wanunuzi waaminifu hakuna deni litakalolipwa. Mnunuzi mwema anachotaka ni uhakika. Kila mnada mchafu unapotenguliwa, wanunuzi wanaofuata wanaogopa, wanatoa bei ya chini ili kufidia hatari ya kesi, na bei hiyo ya chini inamuumiza mdaiwa mwingine ambaye hana kosa. Kwa hiyo tangazo lililofichwa Kerege linapunguza bei ya nyumba Lugoba. Mnunuzi, kabla hujanyoosha mkono, nenda kwenye mali, waulize majirani, waulize wanaoishi humo, soma amri ya mahakama. Na mdai akitaka kununua mwenyewe, sheria inamtaka aombe kwanza ruhusa ya mahakama. Dalali na maofisa wanaoendesha mnada hawaruhusiwi kununua kabisa, wala kwa jina la shemeji.

Ninachokiomba

Kwa mauzo ya rehani, Sheria ya Ardhi imeweka kipimo: bei ikiwa pungufu kwa asilimia 25 au zaidi ikilinganishwa na bei ya mali zinazofanana, inachukuliwa kwamba muuzaji hakutimiza wajibu wake mpaka athibitishe vinginevyo. Kenya nao wana kipimo kama hicho katika sheria yao ya ardhi ya mwaka 2012. Mnada wa kukaza hukumu hauna tarakimu ya namna hiyo katika Sura ya 33, na mzigo wote unabaki kwa aliyepoteza nyumba. Naona hilo ni pengo. Mali inayouzwa na mahakama, kwa jina la Jamhuri, haistahili kinga ndogo kuliko mali inayouzwa na benki. Wabunge wetu waweke kipimo hicho, na kila mali isiyohamishika ithaminiwe na mthamini aliyesajiliwa kabla ya tangazo, thamani iandikwe kwenye tangazo lenyewe.

La pili ni la mahakama na madalali. Tangazo lipelekwe kwa mwenyekiti wa kijiji au mtaa, asaini kulipokea, lisomwe kwenye mkutano, na dalali apige picha likiwa limebandikwa, picha iwekwe kwenye jalada. Gharama yake ni ndogo, na itamaliza nusu ya mabishano ya kama lilibandikwa au la. Mwaka 2021 Kiswahili kilifanywa lugha ya sheria na ya mahakama. Basi tangazo la mnada liandikwe kwa Kiswahili kinachoeleweka na bibi wa Ubena, pamoja na mstari mmoja mwishoni unaosema anayepinga apinge wapi na ndani ya siku ngapi.

La tatu ni lenu. Wenyeviti, wekeni daftari la nani analima wapi na nani amemuuzia nani, kwa tarehe na mashahidi. Familia zenye shamba la urithi, fungueni mirathi, gawaneni, fuatilieni hati ya hakimiliki ya kimila. Wanawake, majina yenu yaandikwe. Na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 imewatambua wasaidizi wa kisheria. Watafuteni hao kabla ya kumtafuta mtu wa kuandika barua kwa mkuu wa wilaya, kwa maana mkuu wa wilaya hana mamlaka ya kusimamisha amri ya mahakama.

Na kwa kila mmoja wenu: karatasi ya mahakama ikibandikwa mlangoni, usiichane na usiifiche kwa aibu. Andika tarehe uliyoiona, mwite jirani aione, soma jina la mahakama na namba ya shauri, na kesho yake asubuhi uwe kwenye masjala ya mahakama hiyo. Kama deni ni la kweli, kubaliana na mdai namna ya kulipa, na makubaliano hayo yaandikwe mahakamani. Kama si la kweli, au mali si ya mdaiwa, sema siku hiyo. Una siku 30, na zimekwisha kuanza kuhesabiwa.